Barua kwa rafiki yangu kuhusu ile dutu inayotuliza wakati

Rafiki yangu mpendwa,

Salamu nyingi, na baada ya salamu nakushukuru kwa kunitumia muswada wako. Nimeusoma mpaka mwisho, nikaona ni heri nikuandikie barua kuliko kukujazia maneno mafupi pembeni mwa kurasa, kwa kuwa ninalotaka kukueleza linahusu kitu kimoja tu: ile dutu uliyoibuni na kuiita Tulizo, ambayo hujirekebisha yenyewe na kuurudisha wakati na uhalisia mahali pake kila vinapoanza kuyumba.

Wazo lenyewe nimelipenda. Msomaji wa hadithi za kisayansi hukubali jambo moja lisilowezekana bila kinyongo, mradi mwandishi asimwongezee la pili na la tatu kila njama inapombana. Tulizo yako, kwa sasa, inaweza lolote. Katika sura ya pili inazuia dakika zisikimbie, katika sura ya nne inaurudisha mji mzima katika hali yake ya zamani, na katika sura ya sita inawakumbusha watu mambo waliyoyasahau. Dutu isiyo na mpaka haimtii mtu wasiwasi, na hadithi yako inahitaji wasiwasi.

Mpaka huo unaweza kuupata katika vitu vilivyopo kweli. Unajua kwamba saa za pendulamu zilisumbuliwa na joto kwa muda mrefu: ufito wa feleji unaobembea ndani ya saa hurefuka joto likipanda, na ukirefuka hubembea polepole zaidi, hata ikawa ongezeko la nyuzi 10 tu za Selsiasi linatosha kuichelewesha saa kwa takriban sekunde 5 kwa siku. Mwaka 1896 Charles Édouard Guillaume, mwanafizikia mzaliwa wa Uswisi aliyefanya kazi katika Ofisi ya Kimataifa ya Vipimo na Mizani karibu na Paris, aligundua kwamba chuma kikichanganywa na nikeli ya asilimia 36 hivi, hupatikana aloi ambayo katika joto la kawaida hutanuka kidogo mno. Aloi hiyo ikaitwa Invar, naye akapewa Tuzo ya Nobel ya fizikia mwaka 1920. Kwa maana ndogo lakini ya kweli, hiyo ni dutu inayotuliza wakati. Kinachonivutia zaidi ni namna inavyofanya kazi. Joto linapoongezeka, mtikisiko wa atomi huisukuma aloi itanuke kama metali nyingine yoyote, lakini wakati huohuo usumaku wake hudhoofika, na kudhoofika huko huivuta isinyae. Nguvu hizo mbili zinakaribia kufutana. Ukiipasha kupita kiasi, usumaku huisha, na kuanzia hapo hutanuka kama wenzake. Ningependa Tulizo nayo iwe na kiwango cha namna hiyo, ambacho ikikivuka haivunjiki wala hailipuki, bali inaacha tu kufanya kazi bila kumwonya mtu.

Hata hivyo Invar hukataa kubadilika tu, hairudi popote. Tulizo inarudi, na kwa hilo inakaribia zaidi nitinoli, aloi ya nikeli na titani ambayo sifa yake ya kukumbuka umbo ilijulikana katika maabara ya jeshi la majini la Marekani mwishoni mwa miaka ya 1950 na mwanzoni mwa miaka ya 1960. Waya wake hufungwa katika umbo linalotakiwa, hupashwa hadi nyuzi 500 hivi ukiwa umebanwa vilevile, kisha hupozwa. Baada ya hapo unaweza kuukunja utakavyo, na ukiutia katika maji ya moto hujinyoosha mbele ya macho yako na kulirudia umbo lile la kwanza. Lakini waya haujui umbo jema wala baya. Unarudia lile uliloshikiliwa nalo katika tanuri. Hapa ndipo niliposimama kwa muda mrefu niliposoma sura yako ya nne. Unasema mji ulirudi “kama ulivyokuwa”. Ulivyokuwa lini, na kwa kumbukumbu ya nani? Lazima pawe na mtu aliyeishika Tulizo siku ilipotiwa moto, akaamua kwamba hali ya siku ile ndiyo uhalisia, na kila kilichozaliwa au kujengwa baadaye ni kasoro ya kunyooshwa. Mtu huyo hayumo katika muswada wako, nami naona yeye ndiye hadithi.

Kuna tukio moja ambalo ni lazima ulibadilishe. Mhandisi wako anaingia katika chumba kilichozungukwa na Tulizo, anaitazama saa yake ya mkononi, na anaona sekunde zinakwenda taratibu. Hawezi kuliona hilo. Kama wakati umepungua mwendo humo ndani, basi saa, mapigo ya moyo na fikra zake vyote vimepungua kwa kiasi kilekile, na kwake sekunde ni sekunde. Tofauti hujulikana kwa kulinganisha na nje tu. Saa za atomi zilizomo katika setilaiti za GPS hutangulia zile za ardhini kwa mikrosekunde (yaani sehemu za milioni za sekunde) 38 hivi kila siku, kwa jumla ya athari mbili, ya udhaifu wa mvutano wa dunia huko juu na ya mwendo wao, sawasawa na nadharia za Einstein. Nazo huko juu hazina hitilafu yoyote. Tofauti hiyo ni ndogo, lakini katika muda huo mwanga husafiri zaidi ya kilomita 11, na ndiyo maana isiporekebishwa mfumo wote hupotea njia. Basi mpe mhandisi wako mtu aliyebaki nje, na waachie kutofautiana baada ya mlango kufunguliwa.

Kuhusu kumbukumbu za watu katika sura ya sita, ningeziondoa kabisa. Tulizo ina kazi ya kutosha.

La mwisho ni joto. Mwaka 1961 mwanafizikia Rolf Landauer alionyesha kwamba kufuta taarifa kuna gharama isiyokwepeka, hata iwe ndogo namna gani, na gharama hiyo hutoka kama joto. Dutu inayogundua kosa, ikalisahihisha, kisha ikajiandaa kupokea kosa jingine, inafuta taarifa mfululizo. Na ikiwa kosa lenyewe ni mji mzima, kuta za Tulizo hazigusiki kwa joto. Hapo utakuwa umepata pia sababu ya kiwango kile cha joto nilichokitaja: Tulizo inapofanya kazi kubwa kupita kiasi hujipasha yenyewe, na kwa kujipasha hupoteza nguvu yake wakati inapohitajika zaidi.

Nitumie sura ya nne ukishaiandika upya, hata kama haijakamilika, na unieleze aliyesimama karibu na tanuri siku ile alikuwa nani, na alilipwa na nani.

Wako akupendaye,
Rafiki yako