Kabla hatujakutajia bei, tutumie namba ya chasisi

Ujumbe unaoingia mara nyingi zaidi kwenye simu ya duka letu hapa Ngamiani, Tanga, ni huu: "Shokapu za IST bei gani?" Zamani ungejibiwa papo hapo. Siku hizi tunakurudishia swali: ni IST ipi, na namba yake ya chasisi ni ipi? Wapo wanaokereka, na si bure. Mtu amesimama juani Kange, gari linagonga chini, anachotaka kusikia ni kiasi tu. Basi tumeona tueleze kwa kirefu jinsi kazi ya spea na gereji ilivyogeuka, na kwa nini tumeanza kutoza pesa ya kupima gari hata kama hujanunua kitu kwetu.

Kwa ufupi, kufunga kipuri kumekuwa sehemu nyepesi ya kazi. Fundi wa kawaida anabadili shokapu za mbele asubuhi na mchana una gari lako. Kinachokula muda na pesa ni kujua shokapu zenyewe hasa ni zipi, na kabla ya hapo, kujua kama tatizo ni shokapu kweli au ni stabilaiza linki iliyolegea.

Chukua hiyo hiyo IST ya Toyota. Zile za kwanza, za 2002 hadi 2007, zina chasisi zinazoanza na NCP60, NCP61 au NCP65. NCP60 ina injini ya 2NZ ya cc 1300, NCP61 ina 1NZ ya cc 1500, na NCP65 inavuta magurudumu yote manne. Iliyofuata ni gari jingine lililorithi jina tu. Hiyo ni NCP110, NCP115 na ZSP110, ambayo injini yake ni ya cc 1800. Vitz nako hali ni ile ile: KSP90 ina silinda tatu, SCP90 na NCP91 zina nne, na ukiziegesha pamoja pale Chumbageni hutazitofautisha kwa macho. Kwa hiyo anayekujibu bei ya "plagi za Vitz" bila kuuliza chochote, amekutajia bei ya plagi za Vitz fulani, huenda si yako.

Magari mengi tunayoyaona hapa yalitengenezwa kwa ajili ya Wajapani wenyewe. Hayana ile namba ndefu ya herufi na tarakimu 17 wanayoizungumzia watu wa video za Marekani. Yana namba fupi: alama ya modeli, mstari, kisha tarakimu sita au saba. Namba hiyo ukiiingiza kwenye katalogi ya Toyota inakutolea mwezi gari lilipotengenezwa, injini, aina ya gia boksi, hata rangi lililotoka nayo kiwandani. Iko kwenye kadi ya gari, na iko kwenye kibati kilichopigwa ndani ya boneti. Tunapendelea picha ya kibati, maana kina pia alama ya gia boksi, na ukiona alama inaanza na K kwenye Toyota ndogo, hiyo ni CVT, yaani gia boksi ya mkanda. Ikianza na U, ni otomatiki ya kawaida. Tutarudi hapo, kwa sababu hapo ndipo watu wanapoumia.

Tukishapata namba ya chasisi tunapata namba ya kipuri. Ya Toyota ina alama kumi, tano kisha mstari kisha tano. Zile tano za mwanzo zinataja ni kitu gani: 04465 ni pedi za breki za mbele, 04495 ni breki shuu za nyuma, 48510 ni shokapu ya mbele kulia, 48520 ni ya mbele kushoto. Ndiyo, kulia na kushoto ni namba mbili. Tano za mwisho ndizo zinazosema ni ya gari gani. Ukiwa na namba hii mkononi huhitaji kumwamini muuza duka yeyote, sisi tukiwemo. Unaweza kuipigia simu Kariakoo, au hata Mombasa kwa wale wanaovuka Horohoro, ukalinganisha bei ya kitu kimoja na kitu kile kile.

Oriji, kopi, mtumba na feki

Mteja akiuliza "ni oriji?" jibu la ndiyo au hapana halimsaidii. Kuna kipuri kilichomo kwenye boksi la kampuni ya gari. Kuna kilichotengenezwa na viwanda kama Denso, Aisin au KYB, ambavyo ndivyo vinavyoziuzia kampuni za magari, lakini kikiuzwa kwa jina la kiwanda chenyewe. Kwa watu wengi hiki ndicho tunachokishauri, maana unapunguza gharama bila kupunguza ubora. Kuna kopi, yaani kilichotengenezwa na kampuni nyingine kwa jina lake halisi, China, Taiwan, Thailand na kwingineko. Kopi si tusi. Zipo kopi zinazodumu na zipo za hovyo, na kazi ya duka ni kujua ipi ni ipi. Halafu kuna mtumba kutoka Japani. Mlango, taa, kioo cha pembeni, bampa, hata injini, mtumba hatuna neno nao. Pedi za breki, tairodi endi na bol joint (viungo vinavyoshika magurudumu) za mtumba hatuuzi, na ukitukuta tunaziuza tulaumu.

Feki ni habari nyingine. Feki imevaa jina la mwingine, na hiyo ni kosa kisheria. Tume ya Ushindani, yaani FCC, ndiyo inayosimamia Sheria ya Alama za Bidhaa ya mwaka 1963, na TBS wanasimamia ubora. Shida yake ni kwamba kwa nje haina kasoro. Chujio la oili, kwa mfano: ndani yake kuna vali ya mpira inayozuia oili isirudi chini injini ikizimwa, na vali nyingine inayofunguka chujio likiziba ili injini isikose oili. Mtengeneza feki anaokoa hela kwenye vitu hivyo hivyo viwili usivyoviona. Dalili utaisikia alfajiri: unawasha gari, injini inagonga kwa sekunde chache ndipo inatulia. Hizo ni sekunde ambazo vyuma vinasagana vikavu, kila siku.

Pedi feki ndizo tunaziita waja leo waondoka leo. Mjini Tanga, kwenye barabara tambarare, zinaweza zikakuvumilia. Ipandishe familia Lushoto wakati wa sikukuu, halafu teremka hadi Mombo, kilomita 30 na ushee za kona na miteremko. Pedi zinashika moto, uso wake unang'aa kama kioo, na breki inakuwa ngumu mguuni bila kusimamisha kitu. Hata pedi nzuri zinataka usaidizi: teremka kwa gia ya chini, 2 au L, usikalie breki njia nzima. Na dai risiti ya EFD ya chochote unachonunua, hapa au kwingine. Bila risiti huna pa kuanzia ukigundua umeuziwa feki.

Taa ya injini haikutajii jina la kipuri

Sasa tuje kwenye pesa ya kupima, inayozua maneno zaidi.

Siku hizi kifaa kidogo cha kusoma kodi za gari, yaani namba za hitilafu zilizohifadhiwa na kompyuta yake, kinauzwa kwa bei ambayo dereva yeyote anaimudu, kinaungana na simu, na mteja anafika kwetu akiwa na jibu tayari: "Imeandika P0171, niuzie oksijeni sensa." Ni jambo jema kwamba watu wanajua. Lakini P0171 maana yake ni kwamba kompyuta ya gari imeona hewa ni nyingi kuliko petroli. Basi. Haijasema nani kasababisha. Huenda kuna bomba la hewa limepasuka nyuma ya injini. Huenda ile sensa inayopima hewa inayoingia imejaa vumbi na inataka kusafishwa tu. Huenda pampu ya petroli imechoka. Na huenda, mara chache kuliko watu wanavyodhani, ni hiyo oksijeni sensa, ambayo mara nyingi ndiyo iliyotoa taarifa kwamba mambo si shwari. Ukiibadilisha umemfukuza shahidi.

Tanga tuna la kwetu la ziada, nalo ni chumvi. Gari linalolala Raskazone au Sahare, au linaloshinda njia ya Pangani, linapata upepo wa bahari usiku na mchana. Unyevu wenye chumvi unaingia kwenye soketi za umeme, shaba inaota ukungu wa kijani, na sensa nzima kabisa inaanza kutuma taarifa za uongo. Kuna gari linalokuja na chumvi yake kutoka Japani pia: mikoa ya kaskazini wanamwaga chumvi barabarani kuyeyusha theluji, na gari la huko utalijua ukilala chini yake, paipu za breki na chasisi vimeliwa wakati bodi ya juu inameremeta. Kabla hujanunua gari lililotoka melini, lipandishe kwenye lifti ya mtu yeyote ulitazame chini. Na kama gari lako linalala karibu na bahari, lioshwe chini kwa maji baridi ya bomba, si juu tu.

Kwa hiyo tunapopima hatusomi kodi tukaondoka. Tunafungua soketi, tunapima volti, tunatafuta hewa inayovuja, tunaangalia presha ya petroli. Hiyo ni kazi, na mara nyingine mwisho wake ni kusafisha soketi tu na hatukuuzii kitu. Zamani gharama hiyo tulikuwa tunaificha ndani ya bei ya spea. Siku hizi tunaiandika peke yake. Ukifanya matengenezo kwetu tunaikata kwenye bili. Ukienda kwingine unaondoka na karatasi yenye majibu yetu, ni mali yako.

Oili si oili tu

Turudi kwenye ile herufi K. Gia boksi ya CVT haina gia. Ina mkanda wa chuma unaozunguka katikati ya puli mbili zinazotanuka na kubana, na kinachoufanya mkanda ushike bila kuteleza ni ule mchanganyiko maalumu wa oili yake. Nissan kama X-Trail na Dualis wana NS-2 au NS-3, Toyota wana ya kwao, Honda wana ya kwao. Ukimimina ATF, oili ya gia boksi za otomatiki ya kawaida, gari litaondoka vizuri na fundi wako atalipwa. Baadaye mkanda unateleza, unachuna puli, unga wa chuma unazunguka ndani. Utasikia injini inapiga kelele na gari haliongezi mwendo, au linatetemeka unapoanza kuondoka. Hapo mazungumzo hayahusu oili tena, yanahusu gia boksi nzima. Na gia boksi ya mtumba ya Nissan za CVT haifungwi tu na kuwashwa: kompyuta yake inatakiwa ipewe taarifa za hiyo gia boksi mpya, kwa mashine. Uliza hilo kabla ya kulipa.

Oili ya injini tuna ubishi nayo na wazee wetu. Wengi wanaamini 20W-50, oili nzito, ndiyo oili ya nchi ya joto. Kwa Fuso ya zamani hatubishani. Injini za Toyota zenye VVT-i, mfumo unaorekebisha muda wa vali kufunguka kwa kutumia oili, zina njia nyembamba sana za oili na chujio dogo la wavu kabla ya vali, na nyingi zilipangiwa 5W-30 au nyepesi zaidi. Injini iliyokwisha chakaa na inayokula oili tunaweza kuipandishia uzito kidogo, tukikubaliana. Kuanza na oili nzito moja kwa moja kwenye injini isiyo na tatizo, hapana.

Unapokuja na kipuri chako

Kununua kwenye Instagram na kupokea mzigo wa basi Kange imekuwa kawaida, na hatuna ugomvi nayo. Tutakufungia. Ila tukubaliane mapema: tunakilinganisha kwanza na kilichotoka, na kama hakifanani hatukilazimishi. Kikifungwa, dhamana yetu ni ya kazi ya mkono, si ya kipuri. Kikifa baada ya wiki, kukitoa na kufunga kingine ni kazi mpya inayolipwa. Vifaa vya umeme tulivyokuuzia sisi, kama sensa na koili, vikishafungwa havirudi dukani, ndiyo maana tunasisitiza kupima kwanza.

Waendesha bodaboda na bajaji wasituchukie kwa kuandika kuhusu magari tu. Cheni, spoketi na klachi zenu zipo, na kwenu kosa la namba ni dogo, leteni cha zamani tulinganishe.

Wenye Aqua, Prius na haibridi nyinginezo wanaongezeka, nao wanauliza kama tunazishika. Servisi, breki na miguu (shokapu na viungo vyake), ndiyo. Pia tunasafisha chujio na feni ya kupoza betri kubwa, ambayo inavuta hewa kupitia tundu lililo pembeni ya kiti cha nyuma. Tafadhali usilizibe kwa mizigo, maana vumbi na joto ndivyo vinavyoua betri hizo. Lakini betri kubwa ya Aqua za mwanzo ni ya volti 144, si 12, na nyaya zake za rangi ya chungwa zinaweza kuua mtu. Betri yenyewe hatuifungui, hatuna vifaa wala mtu aliyesomea. Ukitutumia picha ya kodi zilizotokea tutakuambia mapema kama ni kazi yetu, usije ukaingia gharama ya kulivuta gari kutoka Muheza bure.

Tuko wazi Jumatatu hadi Jumamosi. Ijumaa tunafunga saa sita kwa ajili ya swala na kufungua tena saa nane.