RISALA YA KIKUNDI CHA WAPIGA MIZINGA WASTAAFU NA FAMILIA ZAO KWA MGENI RASMI

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Waheshimiwa viongozi wa serikali, wa dini na wa vyama mlioko meza kuu,
Wazee wetu wapiganaji, mama zetu wajane, ndugu wananchi,
Itifaki imezingatiwa.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, kwa heshima na taadhima tunakukaribisha katika sherehe yetu ya mwaka, wiki hii ya Siku ya Mashujaa. Tunakushukuru kwa kuacha majukumu mazito ya kitaifa ukaja kukaa chini ya mwembe pamoja nasi. Tunakushukuru pia kwa kuchelewa saa moja tu. Waliokutangulia walitufikisha alasiri, na mmoja alimtuma mwakilishi, naye mwakilishi akamtuma dereva alete salamu. Salamu tulizipokea.

Kabla sijaendelea niombe radhi kwa jambo moja. Wazee waliokaa mstari wa mbele wanaweza kupiga makofi mahali pasipotakiwa, au kuzungumza wao kwa wao kwa sauti kubwa wakati nasoma. Si utovu wa nidhamu. Sababu yake ndiyo risala yenyewe.

Kikundi chetu kina wanachama 41: wastaafu wa jeshi waliotumikia mizinga na mota, yaani mizinga midogo ya bomba, katika Vita ya Kagera, wanamgambo waliowabebea makombora, na wajane na watoto wa waliotangulia mbele za haki. Mimi ni katibu, binti wa mpakiaji wa mota.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, kamati imeniagiza niipitie historia haraka, nami nitatii. Mwaka 1453 Sultani Mehmed wa Pili aliubomoa ukuta wa Konstantinopoli kwa mizinga mikubwa iliyokokotwa na makundi ya ng'ombe. Kwa karne nyingi baada ya hapo mzinga ulikuwa ukipigwa unaruka nyuma, watu wanausukuma hadi mahali pake, wanalenga upya. Wafaransa wakaimaliza shida hiyo mwaka 1897 kwa mzinga wa milimita 75: mtutu ulirudi nyuma peke yake kwa nguvu ya mafuta na hewa iliyobanwa, magurudumu yakabaki yametulia. Tangu hapo mzinga mmoja ukaweza kupiga zaidi ya makombora 10 kwa dakika. Sikio la mpigaji lilibaki lilelile alilozaliwa nalo.

Mwaka 1915 Mwingereza Wilfred Stokes akatengeneza mota iliyo mama wa mota zote za leo: bomba, kitako na miguu miwili. Kombora unalidondosha mdomoni mwa bomba, linateremka, linagonga pini, linaruka. Mwezi Julai mwaka huohuo, hapa kwetu, manowari ya Wajerumani iitwayo Königsberg ilizamishwa katika delta ya Rufiji. Mizinga yake 10 ya milimita 105 ikaopolewa, ikafungiwa magurudumu, ikapiganishwa nchi kavu dhidi ya Waingereza. Iliyoikokota porini ni mikono na mabega ya Waafrika. Mmoja wa mizinga hiyo uko Fort Jesus, Mombasa, na mwingine uko Pretoria. Watalii wanapiga nayo picha. Wapagazi wa vita ile, Vita ya Kwanza ya Dunia, wa pande zote, walikufa kwa makumi ya maelfu, wengi wao kwa maradhi na njaa.

Nimeyasema hayo ili ijulikane kuwa shida yetu ina ukoo mrefu. Mzinga hutunzwa.

Tuje kwenye vita yetu. Majeshi ya Idi Amin yalivamia Oktoba 1978 na kuiteka ardhi yetu yote iliyo kaskazini ya mto Kagera, kisha yakalibomoa daraja la Kyaka. Tarehe 2 Novemba Mwalimu Nyerere akalitangazia taifa kwamba sababu ya kumpiga tunayo, nia tunayo na uwezo tunao. Daraja halipo, lakini kombora halihitaji daraja. Mizinga ilipangwa upande wa kusini wa mto na kupiga ng'ambo, na ndipo magari ya roketi za BM-21 yalipoanza kusikika: mirija 40 juu ya lori moja, roketi za milimita 122, masafa ya takriban kilomita 20. Adui akaziita Saba Saba. Wazee wanasema adui alikimbia mlio kabla hajakimbia roketi, na mimi naamini, maana mlio ule wao wenyewe wanao hadi leo.

Mutukula ilichukuliwa Januari 1979. Masaka ikafuata mwishoni mwa Februari, baada ya mizinga kuupiga mji usiku. Lukaya, mwezi Machi, roketi za Walibya waliokuja kumsaidia Amin zilipita juu ya vichwa vya vijana wetu, na baadhi yao, tuseme ukweli kwa kuwa wazee hawanisikii, walirudi nyuma kwa kasi kubwa kuliko waliyoendea. Kesho yake wakageuza mambo. Kutoka vilima vya Mpigi mizinga ikaelekezwa Entebbe. Tarehe 11 Aprili Kampala ikawa mikononi mwa majeshi yetu na ya Waganda waliopigana nasi. Vijana hao ndio hawa mbele yako, Mheshimiwa. Kijana kuliko wote kati yao anakaribia miaka 70.

Mafanikio ya kikundi ni mengi na muda hautoshi. Mradi wa mbuzi umekua kwa kiwango cha kuridhisha kutoka mbuzi watatu hadi saba, na wa nane yuko njiani. Mradi wa kufyatua tofali umevuka mipaka ya kata yetu, baada ya mteja mmoja wa kata jirani kununua tofali za choo. Tumeanzisha makumbusho, ambayo kwa sasa ni rafu moja yenye maganda matupu ya makombora, picha na daftari la kumbukumbu. Ganda moja tumeliazima kwa shule ya msingi, wanaligonga kama kengele. Na hili nalisema bila utani: wazee wetu huzunguka shuleni kuwafundisha watoto wasiokote chuma wasichokijua wakidhani ni chuma chakavu cha kuuza. Novemba 2017 wilayani Ngara, katika mkoa huuhuu wa Kagera, bomu lililookotwa na mtoto lililipuka shuleni na kuua wanafunzi. Anayefundisha somo hilo ni mzee ambaye mtoto akimuuliza swali, inabidi mwalimu aliandike ubaoni ili alisome.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, sasa naomba utuvumilie, maana tumefika kwenye jambo lililotuleta.

Wapiga mizinga wetu hawasikii.

Mazungumzo ya kawaida hupimwa kama desibeli 60. Mlio wa ghafla unaozidi desibeli 140 unaweza kuharibu sikio palepale, na mota pamoja na mizinga huzidi 160 kwa aliyesimama kando yake. Mtutu wa mota ya milimita 82 hauzidi urefu wa mtoto wa darasa la pili. Mdomo wake kwa hiyo uko karibu na kichwa cha mpakiaji. Anadondosha kombora, anainama, anaziba masikio. Hivyo ndivyo mafunzo yanavyosema. Marehemu baba yangu alisema penye amri ya kupiga mfululizo mikono tayari imeshika kombora la pili, lenye uzito wa kilo tatu hivi, na binadamu hakuumbwa na mkono wa tatu. Pamba waliyopewa waliitumia kusafishia silaha.

Daktari mmoja alitueleza kwa subira kubwa. Ndani kabisa ya sikio kuna vinyweleo vidogo visivyoonekana kwa macho, navyo ndivyo vinavyopokea sauti. Mshindo huvivunja, na vikivunjika havioti tena. Vinavyotangulia kufa ni vile vya sauti nyembamba, zile za s, f na t. Ndiyo maana mzee anasikia kwamba unamwita, ila hasikii unamwambia nini. Ukipaza sauti unamwongezea kelele, maneno yanabaki palepale. Na badala ya ukimya, usiku anapata mlio wa ndani usiozimika. Mama yangu alijua mume wake hajalala kwa kuona redio imewashwa bila kituo chochote. Ule mkwaruzo wake ulimfunikia mlio.

Jeraha hili halina kovu, Mheshimiwa. Aliyekatika mguu anapishwa kiti. Asiyesikia anaambiwa amekuwa jeuri, amekuwa mlevi, uzee umempanda kichwani. Zahanati wanaita namba yake, haitiki, wanaita ya nyuma yake, naye anakaa kwenye benchi hadi dirisha linafungwa. Anapigiwa simu kuhusu mafao yake, anaitikia "ndiyo" kwa kila kitu, kisha hajui amekubali nini. Bodaboda zinamjia kwa nyuma. Vikao vya ukoo havimwiti tena, kwa kuwa kila neno inabidi lirudiwe na watu wana haraka. Mmoja wa wanachama wetu alisimamisha mahari ya mjukuu wake kwa kusikia laki sita pale iliposemwa laki tisa. Watu walicheka. Yeye aliondoka na hajahudhuria shughuli tangu siku hiyo.

Hii ni mara ya nne tunaisoma haja hii mbele ya mgeni rasmi. Sitaki kumtaja mtu, na kwa kweli wote walitutendea kwa ukarimu. Wa kwanza alituahidi kwamba kipimo cha usikivu kingefika kituo chetu cha afya kabla ya mvua za vuli. Hakutaja za mwaka gani, nasi kwa adabu hatukuuliza. Wa pili alituahidi mtaalamu kila robo mwaka. Mtaalamu alikuja mara moja, akatupima presha na sukari, akaondoka. Tulimshukuru, maana presha zilikuwa juu kwa kusubiri. Wa tatu alituletea fulana nzuri zenye picha yake. Wazee wanazivaa shambani.

Na wote watatu, kabla ya kupanda gari, walisema neno moja: "Wazee, tumewasikia." Mheshimiwa, kusikia kwenu hatujawahi kukutilia shaka. Wasiosikia ni sisi.

Aliwahi pia kutokea msamaria, Mungu ambariki, akaleta boksi la shimesikio, vile vifaa vya sikioni vya kukuza sauti. Zote zilikuwa za aina moja, zimewekwa kipimo kimoja, hakuna aliyepimwa. Shimesikio la namna hiyo hukuza kila kitu sawasawa: kijiko kikigonga sahani ni kama adhabu, na mjukuu akisema bado haeleweki. Betri zake ndogo za kidonge huisha kwa wiki moja au mbili, na maduka ya hapa hayaziuzi. Sasa zimo ndani ya makabati. Tunalisema hili ili asije mwingine mwenye moyo mwema akarudia hapohapo na kupiga picha.

Kwa hiyo tunachoomba ni hiki. Mashine ya kupima usikivu, iwekwe kituo cha afya na isiondoke. Mtaalamu wa masikio kutoka hospitali ya rufaa, aje kwa ratiba iliyoandikwa, apime kila mmoja, kisha kila mmoja apate shimesikio lililorekebishwa kwa sikio lake, na mpira wa sikioni uliochukuliwa kipimo chake. Betri ziingizwe kwenye dawa zinazoletwa kituoni. Chumba cha kupimia hatuombi. Tumekijenga wenyewe kwa tofali zetu, kuta nene, mlango mmoja, mbali na barabara, kwa sababu tuliambiwa kwamba kukosekana kwa chumba tulivu ndiko kulikochelewesha mashine. Kimekamilika. Kwa sasa tunahifadhia viti vya harusi, na viti hivyo unavyokalia leo vimetoka humo.

Hatudai fidia ya vita. Wazee walikwenda kwa amri na kwa hiari kwa wakati mmoja, na hawajajuta. Wala mashine hii haitakuwa yao peke yao. Wapo watoto wanaokaa nyuma darasani wakiitwa wazito wa kuelewa, kumbe hawajawahi kupimwa masikio. Lakini wazee ndio wasio na muda. Tulipoisoma risala hii kwa mara ya kwanza, wapiga mizinga waliokaa mstari wa mbele walikuwa 23. Leo ni 14. Baba yangu alikuwa kiti cha tatu kutoka kushoto.

Mwalimu alisema sababu, nia na uwezo. Katika suala la masikio, sababu tumeieleza, nia tumehakikishiwa mara tatu kwamba ipo. Tungependa leo kusikia habari za uwezo, na tarehe yake.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, kwa unyenyekevu nakukabidhi nakala ya risala hii. Kamati imeongeza ukurasa wa mwisho ambao risala zilizotangulia hazikuwa nao: una orodha ya mahitaji, nafasi ya kuandika tarehe, na mstari wa sahihi yako. Maneno utakayoyasema tumemwomba kijana wetu ayaandike kwa herufi kubwa kwenye ule ubao, ili wazee wayafuate wakati unaongea. Kalamu iko mezani, karibu na maji.

Karibu.