Kuchezea nchi ya mzazi si umamluki

Mhariri, naomba nafasi kidogo nitoe dukuduku langu. Kila mashindano makubwa ya raga yakikaribia utasikia watu wanamwita mamluki mchezaji aliyezaliwa nchi moja akaenda kuchezea nchi ya babake au mamake, ati kashindwa huku ndio kakimbilia kule. Hayo maneno yananiuma sana.

Mchukueni Charles Piutau. Kazaliwa Auckland, New Zealand, wazazi Watonga, watu wa visiwa vya Tonga kule Pasifiki, akachezea All Blacks, timu ya taifa ya New Zealand, mechi 17 mpaka 2015, halafu akaenda klabu za Ulaya na New Zealand hawamwiti anayecheza nje, na Tonga nao hawawezi kumchukua manake sheria ilikuwa ukishachezea taifa moja ndio basi, labda ujipenyeze kupitia raga ya wachezaji saba ya Olimpiki. Miaka saba jamani! Mtu yuko fiti, nchi ya wazazi wake inamhitaji, na yeye yuko pembeni tu. Kuanzia Januari 2022 World Rugby, shirikisho la raga duniani, wakaruhusu mchezaji kuhama taifa mara moja tu maishani, ila lazima umalize miaka mitatu bila kuchezea taifa, na wewe au mzazi wako au babu au bibi awe kazaliwa huko. Piutau akavaa jezi ya Tonga mwaka huohuo, tayari ana miaka 30.

Halafu kuna Adam Coleman, mzaliwa wa Tasmania huko Australia, kachezea Australia mechi 38 kabla ya kwenda Tonga, na babake mzazi aliichezea Tonga hiyohiyo. Wahenga walisema mkataa kwao mtumwa, sasa huyu aliyekubali kwao tunamtukana kwa lipi?

Na uwanjani faida imeonekana, Kombe la Dunia 2023 Samoa yenye kina Lima Sopoaga waliotoka All Blacks iliwabana Uingereza wakaponea 18-17.

Ila miaka mitatu bado ni mingi mno. Raga inavunja mwili, miaka mitatu ni robo ya maisha ya mchezaji. Mtu asiye na ndugu hata mmoja nchi fulani akisajiliwa kucheza raga ya pale pekee miaka mitano mfululizo, na hajachezea taifa lingine, anaruhusiwa kuichezea, sasa mwenye mama yake kule kwa nini umkalishe hivyo? Mwaka mmoja unatosha kabisa, na mimi nawaomba World Rugby waliangalie hilo.

Msomaji wako, mpenzi wa raga