Aliyeanza kukwaruza santuri si Flash

Ndugu Mhariri,

Nimesoma makala yenu kuhusu chimbuko la hip hop. Imeandikwa vizuri, na nimefurahi kuona DJ Kool Herc amepewa haki yake: ile sherehe ya Agosti 11, 1973, katika jengo namba 1520 Sedgwick Avenue, mtaa wa Bronx jijini New York, ambayo dada yake Cindy aliiandaa ili apate hela ya nguo za shule. Ila mlipofika kwenye kukwaruza santuri, yaani kuisogeza kwa mkono mbele na nyuma chini ya sindano, yale makwaruzo ambayo kila DJ anayejiheshimu amewahi kuyajaribu, mkaandika kwamba ni ubunifu wa DJ mwingine wa Bronx, Grandmaster Flash. Hapo nimeshindwa kunyamaza.

Aliyeanzisha ni Theodore Livingston, ajulikanaye kwa jina la Grand Wizzard Theodore, mtoto wa Bronx aliyezaliwa Machi 5, 1963. Kaka yake, Mean Gene, alikuwa mshirika wa Flash katika miaka ya mwanzo, kwa hiyo dogo huyu alikulia katikati ya santuri na spika za wakubwa. Alipoanza kupewa nafasi ya kupiga muziki kwenye bustani za mtaani, alikuwa mfupi kiasi kwamba ilibidi asimamishwe juu ya kreti la maziwa ndipo mikono ifike kwenye mashine.

Kisa chenyewe amekisimulia mara nyingi. Alikuwa chumbani kwake anapiga muziki kwa sauti ya juu, mama akaja mlangoni kumfokea apunguze. Kijana akaiwekea santuri mkono ili asipoteze mahali alipofika. Mama akiwa bado anaongea, ule mkono ukawa unaisogeza santuri mbele na nyuma, na kwenye hedfoni ikasikika sauti ambayo ilimshangaza. Mwenyewe huutaja mwaka 1975, akiwa na umri wa miaka 12. Wapo wanaosogeza hadi 1977. Hakukimbilia kuionyesha. Aliifanyia mazoezi kwa miezi kadhaa kabla ya kuipeleka mbele za watu.

Najua atatokea msomaji wa kusema hiyo ni bahati tu. Sikubaliani naye, na nitaeleza kama mtu aliyewahi kuzishika santuri. Sauti ile haikuwa ngeni kwa ma-DJ. Herc alikuwa ameshaonyesha kwamba ukiwa na nakala mbili za santuri moja unaweza kukirefusha kile kipande cha ngoma tupu ambacho wachezaji wanakisubiri. Flash akaleta usahihi: aliweka alama kwenye santuri kwa kalamu ya rangi na kuhesabu mizunguko, ili kipande kimoja kiingie kwenye kingine bila mdundo kukatika. Ili kutafuta mahali pa kuanzia, DJ lazima aisugue santuri mbele na nyuma huku anasikiliza kwenye hedfoni. Kwa hiyo kila fundi wa Bronx alikuwa anausikia ule mkwaruzo usiku kucha, na kazi yake ilikuwa kuuficha, hadhira isiusikie. Ilikuwa takataka ya kazi. Theodore ndiye aliyeamua kwamba takataka ile ni muziki, akaifungulia spika na kuipigia ndani ya mdundo, kwa mpangilio. Huo ni uamuzi wa msanii. Bahati haifanyi mazoezi miezi kadhaa.

Tena hakuishia hapo. Alisifika kwa kudondosha sindano juu ya santuri inayozunguka na kuangukia palepale ngoma inapoanza, bila kusikiliza kwanza kwenye hedfoni. Asiyewahi kujaribu ataona ni jambo dogo. Ajaribu.

Kwa nini basi jina lake halimo kwenye makala yenu? Sidhani kama mwandishi wenu ana nia mbaya, na sisemi Flash ni mwizi. Mchango wake ni mkubwa na unajitosheleza. Ninachokiona ni kwamba historia hii inaandikwa kwa kufuata rekodi zilizouzwa madukani, na rekodi hizo zilianza kwa kumwacha DJ nje ya mlango. Ile ya kundi la Sugarhill Gang ya 1979, iliyoipeleka rap duniani, ilipigiwa ala na bendi studio, wala hakukuwa na DJ wa Bronx aliyeguswa. Hata Flash yalimkuta: wimbo maarufu kuliko yote uliotoka kwa jina lake, "The Message" wa mwaka 1982, yeye hakupiga chochote ndani yake. Wenye kampuni walitaka midomo, mikono haikuwa na bei.

Flash angalau alipata kutoa, mwaka 1981, rekodi iliyotengenezwa kwa mashine tatu za santuri, na ndiyo watu wanayoishika kama ushahidi. Miaka miwili baadaye mpiga kinanda wa jazz Herbie Hancock akamweka DJ Grandmixer D.ST kwenye wimbo wake "Rockit", mkwaruzo ukaingia hadi kwenye jukwaa la tuzo za Grammy za 1984, na vijana wa pande zote wakauona kwenye televisheni. Theodore na kundi lake la Fantastic Five walikuwa na jina kubwa kwenye kumbi; Julai 1981 waliwashinda wapinzani wao Cold Crush Brothers pale ukumbi wa Harlem World kwa kelele za mashabiki. Lakini kumbukumbu za usiku kama huo zilibaki kwenye kanda za kaseti zilizopita mkono kwa mkono. Dukani walikuwa na wimbo mmoja wa kampuni ndogo. Unaweza kumwona Theodore katika filamu ya Wild Style, na muziki wake wa filamu hiyo ndio unaosikika rapa Nas anapofungua albamu yake ya 1994. Wengi wanaupenda bila kujua ni wa nani.

Siku hizi DJ wa harusi hapa kwetu anabeba kompyuta na kifaa chenye magurudumu mawili ya plastiki, hakuna santuri wala sindano. Ukiyasukuma yale magurudumu mbele na nyuma, yanalia kama yanavyolia kwa sababu mtengenezaji aliiga mkono wa yule mtoto. Wapo vijana wanaobonyeza kitufe kimoja, mkwaruzo ukatoka umeshapikwa. Hao sina la kuwaambia.

Naomba masahihisho yachapwe, na yakae kwenye ukurasa uleule wa burudani mlikoweka makala, kwa herufi zilezile. Msiyatupe kule chini ya matangazo ya viwanja.

DJ mstaafu,
Tanga