Barua kwa mwanangu: kanda za Dawo

Mwanangu Swaleh,

Assalamu alaykum. Hizo kanda za video za mechi za Gor Mahia za 1987, za mshambuliaji wao Peter Dawo, unazotaka kuzihamishia kwenye kompyuta, usizitie kwenye deki kabla ya kuzikagua. Zimekaa Malindi miaka yote, na hewa yetu ya unyevu na chumvi huzaa kuvu. Angalia kupitia dirisha la plastiki: ukiona unga mweupe umetanda kwenye utepe, ndiyo yenyewe. Ukiicheza kanda hiyo, kuvu itahamia kwenye vichwa vya deki, vile vinavyosoma utepe, na kutoka hapo kwenye kila kanda utakayotia baadaye. Itie kwenye mfuko wa peke yake, umpelekee fundi.

Zilizo safi, ng'oa kijipande cha plastiki kilicho mgongoni mwa kanda, mtu asije akarekodi juu yake. Kisha peleka utepe mbele mpaka mwisho, urudishe mpaka mwanzo. Uliolala muda mrefu hukazana mahali na kulegea mahali, na picha hutetemeka. Mistari ikibaki kwenye picha baada ya kurekebisha trakingi, yaani kulinganisha vichwa na utepe, safisha vichwa kwa spiriti ya isopropili ya asilimia 99 na kipande cha ngozi laini. Kishike kitulie, uzungushe silinda yenye vichwa kwa kidole. Pamba hapana, nyuzi zake hunasa na kuvunja vichwa.

Kanda zetu ni za mfumo wa picha wa PAL: fremu 25 kwa sekunde. Programu ya kurekodi ikiwa kwenye NTSC, mfumo wa Marekani, mpira utaruka-ruka. Rekodi kwa DV, aina ya faili ya video ya dijitali, nukta 720 kwa 576. Saa moja hula kama gigabaiti 13, basi nunua diski mbili, moja ikae nyumba nyingine. Uwiano ubaki 4 kwa 3. Ukiivuta picha ijaze skrini pana, Dawo atanenepa, na mwanya aliopenya kati ya mabeki utaonekana mpana kuliko ulivyokuwa. Hapo umemdhulumu.

Na tafadhali, usikate ukabakisha mabao tu. Najua ndiyo watu wanayoyataka. Peter Dawo alikuwa mfungaji bora wa Kombe la Washindi la Afrika mwaka ule, mabao 10, lakini kombe lenyewe Gor walilipata kwa sare mbili na Espérance: 2-2 kule Tunis, 1-1 Nairobi, likaamuliwa na mabao ya ugenini, Gor mawili, wao moja. Hakuna klabu nyingine ya soka ya Kenya iliyotwaa kombe la bara. Sasa mtu ataielewaje fainali ile kwa dakika tatu za mabao? Acha zionekane mbio zake bila mpira, na beki anavyomfuata akaacha nafasi kwa mwenzake.

Sauti ya mtangazaji usiifunike kwa muziki. Joe Kadenge, mchezaji maarufu wa zamani wa Kenya, wengi wanamjua kwa maneno matatu ya mtangazaji redioni, "Kadenge na mpira". Mtangazaji ndiye atakayekutajia nani kaingia na nani katoka, pale ambapo namba mgongoni hazisomeki.

Ukimaliza kila kanda, irudishe mwanzo, uiweke wima, uandike mechi na tarehe kwenye lebo. Usiyokuwa na hakika nayo, weka alama ya kuuliza.

Wasalaam,
Babako