Kaukungu hako ndiko kenyewe

Mpendwa Hadija,

Salamu nyingi. Natumaini hujambo, nami sijambo. Barua yako imenifikia, na kuna sehemu imenikaa moyoni. Unasema umeielekeza darubini yako ya macho mawili kwenye galaksi ya Andromeda ukaona "kaukungu tu", ukasikitika kwa sababu picha zake zimejaa rangi na mikono iliyojizungusha.

Usisikitike hata kidogo. Kaukungu hako ndiko kenyewe. Ulichokiona ni kitovu cha galaksi iliyo umbali wa miaka ya nuru kama milioni 2.5, na nuru iliyoingia machoni mwako usiku ule ilianza safari kabla binadamu wa aina yetu hajatokea duniani. Ingekuwa angavu vya kutosha, ungeiona imetanda angani kwa upana wa miezi mipevu sita iliyopangwa mstari, ila pembezoni mwake ni hafifu mno. Kamera hukaa wazi kwa saa kadhaa ikikusanya nuru hiyo, jicho haliwezi. Abd al-Rahman al-Sufi, mnajimu wa Uajemi, aliitaja katika kitabu chake cha mwaka 964 kuwa ni kiwingu kidogo. Hakuwa na darubini yoyote, na mpaka leo sijui maelezo bora zaidi ya namna inavyoonekana kwa macho.

Ninachotaka kukuambia ni hiki: anga imejaa viukungu vya namna hiyo, vinafanana sana kwa mtazamo wa kwanza, lakini ni vitu vya jamaa tofauti kabisa. Raha yote iko katika kujifunza kuvitofautisha. Wakubwa wenyewe vimewasumbua. Charles Messier alikuwa Paris akiwinda nyotamkia, na kila mara alikutana na madoa meupe yasiyosogea. Akaanza kuyaorodhesha ili yasimpotezee muda. Orodha yake ya mwisho, ya 1781, ina vitu 103, na baadaye wengine wakaifikisha 110. Ndiyo hiyo herufi M unayoikuta kwenye ramani. Kuhusu M13, yaani kitu cha 13 katika orodha yake, aliandika kwamba ana hakika haina nyota ndani yake. Leo tunajua ina nyota mamia ya maelfu. Darubini yake tu haikuweza kuzitenganisha.

Anza na Kilimia, maana hapo hakuna fumbo. Hilo ni fungu la nyota la aina iliyo wazi: nyota zaidi ya elfu moja zilizozaliwa katika wingu moja la gesi yapata miaka milioni 100 iliyopita, nazo ziko umbali wa miaka ya nuru kama 440. Kwa umri wa nyota huo ni utoto, ndiyo maana zile kubwa bado zinawaka kwa weupe wa bluu. Mafungu ya namna hii hayakai pamoja milele. Taratibu nyota zake hutawanyika, kila moja ikashika njia yake. Ule utando wa bluu unaouona kwenye picha za Kilimia watu wengi hudhani ni mabaki ya wingu lililozizaa. Sivyo. Ni vumbi lililokuwa njiani, nazo zinalipitia tu. Na tafadhali, Kilimia litazame kwa darubini yako hiyo hiyo ya macho mawili. Darubini kubwa hulikata, unabaki na nyota mbili tatu na uzuri wote umekwenda.

Ukishalizoea, hamia Omega Centauri katika kundinyota la Kantarusi, jioni za Mei au Juni. Hapa ndipo moyo wangu ulipo. Ptolemaio, mtaalamu wa nyota wa zama za kale, aliiweka katika orodha yake kama nyota ya kawaida, na kwa macho matupu utamwelewa kwa nini. Mwingereza Edmond Halley, mtaalamu wa nyota, aliitazama mwaka 1677 akiwa kisiwa cha St Helena akaona si nyota. Ni tufe la nyota zipatazo milioni 10, kongwe kuliko Jua letu zaidi ya mara mbili, umbali wa miaka ya nuru kama 17,000. Wataalamu wengi wanaona ni kitovu kilichobaki cha galaksi ndogo iliyomezwa na Njia Nyeupe, galaksi yetu, zamani sana.

Usiitazame kwa haraka. Kaa gizani nusu saa nzima bila kuwasha simu, kwa maana jicho huchukua muda huo kufunguka. Kisha usiikazie macho moja kwa moja. Peleka jicho pembeni kidogo huku akili ikibaki pale pale, kwani sehemu ya katikati ya jicho ni dhaifu gizani na pembeni yake ndiko kwenye uwezo. Utaona ule ukungu ukitanuka. Ukiwa na darubini ya wastani, kingo zake huanza kuwa na chembechembe, halafu chembe zinaingia ndani, ndani, hadi karibu na kitovu. Ukungu wa galaksi hauwezi kukufanyia hivyo hata ukeshe, kwa sababu nyota zake ziko mbali mno.

Tumejuaje kwamba ziko mbali hivyo? Kwa kazi ya Henrietta Leavitt, na huyu ningependa umjue kuliko Edwin Hubble, ambaye ndiye hutajwa zaidi. Alifanya kazi katika kituo cha nyota cha Harvard, akichunguza picha zilizopigwa kwenye vioo za Wingu Dogo la Magellan, galaksi ndogo iliyo jirani yetu. Mwaka 1912 alichapisha matokeo ya nyota 25 zinazong'aa na kufifia kwa zamu, akaonyesha kuwa zile zinazochukua siku nyingi kumaliza mzunguko ndizo zenye mwanga mkubwa. Kwa kuwa zote zimo katika wingu moja, umbali wao kutoka kwetu ni karibu sawa, hivyo tofauti ya mwanga ni ya nyota zenyewe. Basi ukihesabu siku, unaujua mwanga halisi. Ukiujua mwanga halisi, unapata umbali. Oktoba 1923 Hubble aliipata nyota ya aina hiyo ndani ya Andromeda, kwenye picha iliyopigwa katika kituo cha nyota cha Mount Wilson, California. Alikuwa ameiwekea alama ya nyota iliyolipuka, akaipiga mstari alama hiyo na kuandika "VAR!", yaani nyota badilifu. Hesabu ilionyesha iko nje kabisa ya Njia Nyeupe. Leavitt alikuwa amefariki mwaka 1921, na hilo huniuma kila ninapolikumbuka.

Umeniuliza kama ununue darubini kubwa sasa. Kwa maoni yangu, bado. Maliza kwanza vinavyoonekana kwa hiyo uliyo nayo, na siku ukinunua, angalia upana wa kioo, achana na maneno ya "inakuza mara mia tano".

Kabla ya hapo nina kazi ya kukupa. Kati ya Oktoba na Desemba, usiku usio na mwezi, mahali ambapo upande wa kusini uko wazi na hauna taa, tafuta Wingu Dogo la Magellan. Kando yake kuna kidoa kinachofanana na nyota yenye ukungu. Kinaitwa 47 Tucanae. Vyote viwili vitaingia pamoja katika darubini yako. Kidoa ni tufe la nyota lililo mbele sana, miaka ya nuru kama 15,000, ni watu wa kwetu humu humu Njia Nyeupe. Wingu ni galaksi nyingine, miaka ya nuru kama 200,000, na ndiyo ile ile ya Leavitt. Vitazame kwa zamu kwa njia niliyokueleza, kisha uniandikie umeona tofauti gani kabla hujafungua ramani yoyote.

Wasalimie wote nyumbani.

Rafiki yako,
Mwanaidi