Barua ya wazi kwa Gavana wa Siaya: kinamasi cha Yala kina wenyewe

Mheshimiwa Gavana,

Nakuandikia kuhusu mali ambayo ofisi yako imekabidhiwa kwa niaba yetu: kinamasi cha Yala, hekta zipatazo 17,500 za mafunjo na maji kutoka Alego na Usonga hadi Yimbo, na ng'ambo ya pili kwa jirani zetu wa Bunyala, Kaunti ya Busia. Ombi langu ni moja, na nalitanguliza lisije likakupotea katikati ya historia. Usitie saini mkataba wowote wa kukodisha kinamasi hiki, wala usiunge mkono saini ya mwingine, kabla jamii zinazokizunguka hazijasajiliwa na ardhi yao kupimwa na kuandikishwa kwa jina lao.

Hoja utakayoletewa naijua, maana imetuzidi umri wengi wetu: hapa pana ardhi tele, imelala bure, ikikaushwa italisha watu. Iliandikwa na wahandisi wa kampuni ya Kiingereza ya Sir Alexander Gibb walipopima maji ya Kenya yanayoelekea Nile, kati ya 1954 na 1956. Mkoloni akaondoka, hoja ikabaki kabatini. Kuanzia 1965 hadi 1970, Umoja wa Mataifa kupitia mashirika yake ya maendeleo na chakula, UNDP na FAO, ukasaidia kuitekeleza, na hekta 2,300 za upande wa mashariki zikakaushwa. Mfereji ukachimbwa, tuta likajengwa, mto ukaelekezwa kwingine.

Hapa naomba usome polepole. Kabla ya kazi ile, Mto Yala ulikuwa ukipenya kinamasi cha mashariki, unaingia Ziwa Kanyaboli, unatoka, unasambaa kwenye mafunjo, kisha unapitia Ziwa Sare kufika Nam Lolwe, yaani Ziwa Victoria. Baada ya mfereji, mto uliruka Kanyaboli na kwenda moja kwa moja kinamasini. Ziwa likaachiwa vijito vidogo, mvua, na maji yanayorudi nyuma wakati wa mafuriko. Hakuna mvuvi aliyeulizwa. Na ziwa lenyewe lina nini? Lina ngege na mbiru, samaki waliokuwa chakula cha kila nyumba kabla mbuta, yaani sangara, hajaletwa Ziwa Victoria na kuwafagia. Huko ziwani kuu ngege karibu wametoweka kabisa. Kanyaboli wamesalia kwa sababu mafunjo yaliwafungia mlango mbuta. Serikali yenyewe ililitambua hilo ilipolitangaza Kanyaboli kuwa hifadhi mwaka 2010. Ajabu ni kwamba ziwa likapewa ulinzi wa karatasi, mto wake haukurudishwa.

Waliopanga mradi huo walikigawa kinamasi vipande vitatu. Cha kwanza hekta 2,300, cha pili 9,200, cha tatu 6,000. Jumlisha, Mheshimiwa. Unapata 17,500 kamili, kinamasi kizima. Kwenye ramani zile hapakuwa na mahali palipoandikwa kwamba maji nayo yanahitaji pa kukaa.

Zile hekta 2,300 zilipokauka, serikali haikuwa na nguvu ya kuzilima zote. Mamlaka ya Maendeleo ya Bonde la Ziwa, iliyoundwa 1979, ilizirithi. Watu wa vijijini wakalima mahindi, mtama na mboga, wakachunga ng'ombe. Sitadanganya kwamba udongo ule haukuzaa. Unazaa sana, na ndiyo sababu kila mwenye mtaji huja nao mkononi. Mwaka 2003 halmashauri za Siaya na Bondo za wakati huo zikakubaliana na kampuni ya Dominion Farms ya Mmarekani Calvin Burgess. Mazungumzo yalianza na mpunga kwenye zile hekta 2,300. Mkataba ulipokomaa, eneo lilikuwa hekta 6,900 kwa miaka 25. Mpunga ulivunwa, samaki wakafugwa, vijana kadhaa wakapata mishahara, nayakubali hayo. Lakini kizuizi kilichojengwa mtoni kilirudisha maji kwenye mashamba na maboma ya watu, waliozoea kupitisha mifugo wakakuta njia zimefungwa, na malumbano ya fidia yakadumu kuliko mavuno. Kufikia 2017 kampuni ikawa imeondoka, miaka mingi kabla mkataba haujaisha. Ikaingia nyingine, na safari hii kinachozungumzwa ni miaka 66. Mtoto anayezaliwa leo Kadenge atakuwa mzee wa kustaafu kabla hajaruhusiwa kuuliza swali.

Washauri wako watasema nchi nyingine zimekausha vinamasi na zinashiba. Ni kweli. Waingereza wenyewe walikausha vinamasi vyao vya mashariki karne ya 17, wakiongozwa na mhandisi Mholanzi, Cornelius Vermuyden. Waulize pia kilichofuata. Mahali paitwapo Holme walikita nguzo ya chuma mwaka 1851, kichwa chake kikiwa sawa na ardhi. Leo nguzo hiyo imesimama wazi kiasi cha mita 4 juu ya ardhi, kwa sababu udongo wa mabaki ya mimea ukikosa maji hunywea, huoza na kupeperushwa na upepo. Huko kuna mashamba yaliyo chini ya usawa wa bahari, na pampu hazizimwi. Waingereza wana fedha za kulipia pampu hizo. Kaunti ya Siaya itazilipia kwa bajeti ipi?

Sisi tumeshaona maji yakija kudai nafasi yake. Mwaka 2020 Ziwa Victoria lilipanda kupita kiwango chochote kilichowahi kurekodiwa, likazidi hata kile cha mvua za uhuru za miaka ya 1960. Mto Nzoia ukipasua kingo zake Bunyala, matope na maji hutafuta mafunjo ya kupumzikia. Ukiyaondoa mafunjo, yatapumzikia jikoni kwa mtu.

Kuhusu hoja ya ardhi iliyolala: mwanamke anayekata mafunjo, akayaanika, akafuma mkeka na kuupeleka sokoni, jina lake haliko kwenye hesabu ya mwekezaji. Wala anayevua kamongo. Wala anayelima nduma pembeni maji yakipungua. Wanaolima pembeni nao huchoma mafunjo na kuyasukuma nyuma mwaka hadi mwaka, na hilo nalo linahitaji mipaka. Lakini mipaka hiyo wataiheshimu zaidi wakijua ardhi ni yao.

Na ni yao. Katiba, kifungu cha 63, inasema ardhi ya jamii isiyosajiliwa inashikwa na serikali ya kaunti kwa amana. Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 inaikataza kaunti kuiuza, kuihamisha au kuigeuza kwa matumizi binafsi wakati bado inaishikilia. Anayesema kinamasi ni ardhi ya umma, ya kugawiwa kutoka Nairobi, aje aonyeshe ni lini jamii iliyokuwapo kabla ya halmashauri zote hizo ilinyang'anywa haki yake, na kwa fidia gani.

Kwa hiyo nakuomba uelekeze idara yako ya ardhi ianze usajili, Alego, Usonga na Yimbo, na ukae na mwenzako wa Busia kwa sababu mafunjo hayajui mpaka wa kaunti. Mikataba ya 2003 na yote iliyofuata iwekwe wazi katika ofisi za wadi, kwa lugha ambayo mama muuza mikeka ataisoma. Na wahandisi wa kaunti, kabla hawajafikiria mfereji mpya, wapime jinsi ya kuirudishia Kanyaboli sehemu ya maji ya Mto Yala. Wasiwe na haraka ya kutuletea ramani. Waanze kwa kutembea tutani na wavuvi msimu wa kiangazi, wakati kina cha ziwa kinaonekana kwa macho.

Wako mwaminifu,
Mkazi wa Alego Usonga